Chapta ya Mukami Iko Wapi?

Kwa inama bookshop za tao hakuna mtu hupanga vitabu na cheo. Gunia imetandikwa chini pale Moi Avenue, na Colleen Hoover amelala ubavu kwa ubavu na Winston Churchill. Dem wa campo anainama, anaokota It Ends with Us. Buda wa koti anainama, anaokota ile Churchill nono ya Andrew Roberts, ya 2018. Kila mmoja anacheki ya mwenzake na jicho la pembeni. Buda anadhani dem anasoma mushene. Dem anadhani buda anasoma homework.

Mi husoma zote, na msimamo wangu ni huu: mtu amekulia kwa love story ndio husoma maisha ya viongozi wa vita fiti zaidi. Anamshinda buda mbali.

Chukua hiyo ya Hoover, ilitoka 2016. Lily ana duka la maua Boston. Ryle ni daktari wa upasuaji wa ubongo, msafi, ana doo, ana mistari. Hoover anakuacha umzimikie kwanza, hadi unaanza kumtetea. Alafu mkono unainuka, na wakati huo wewe ushampenda, huezi jitoa hivi hivi. Hapo ndio kitabu inakubana: utamsamehe mara ngapi juu ni mtamu? Masista wengi huku mtaani walisoma hiyo stori wakakaa kimya, juu kila mtu alikuwa na Ryle wa kwao anamjua. Sasa peana biography ya kiongozi wa vita kwa msomaji kama huyo. Ataskia hotuba na damu isisimke, mabomu yakianguka London ataogopa na wao, lakini jicho lake halitoki kwa ule mkono.

Na tusidanganyane, ya Churchill ni love story moto. Alimwona Clementine Hozier mara ya kwanza kwa sherehe 1904, mdomo ikakauka, akamkodolea tu macho. Wakakutana tena Machi 1908 kwa dinner yenye Clementine hakuwa ata kwa list, aliitwa dakika za mwisho ajaze kiti. Agosti 11 mwaka huo wako Blenheim, lile jumba Churchill alizaliwa ndani, wanatembea kwa bustani. Mvua ikawashukia. Wakakimbilia kajumba kadogo ka mawe wakaketi, na jamaa, mwenye alikuwa anajulikana kwa mdomo, akanyamaza. Clementine alikuja kusimulia venye alikuwa anaangalia mdudu akitambaa polepole kwa sakafu, akajiambia: huyu mdudu akifika kwa ule ufa kabla Winston aseme kitu, hatawahi sema. Akasema. Septemba wakaoana. Mwaka huo huo ndio Mills & Boon ilianzishwa hapo London, wale wenye vitabu zao mamathe wetu walikuwa wanaficha chini ya godoro huko boarding.

Scene yenye hunimaliza kabisa ni ya Juni 1940. Ufaransa imeanguka, Uingereza imebaki yenyewe, na Churchill hajamaliza ata miezi mbili kwa kiti. Clementine anamwandikia barua. Ya kwanza aliandika Jumapili wakiwa Chequers, akairarua, alafu akaandika tena. Anamwambia kuna mtu wa karibu amemtobolea siri: unaongelesha watu wako na kiburi na madharau, na ukiendelea hivi watakuchukia. Anamkumbusha kwamba mtu mwenye nguvu kama zake anahitaji pia upole na utulivu. Mwisho anachora paka, juu paka ndio jina lake la mapenzi.

Fikiria kuishi na msee anabeba nchi nzima mgongoni, ndege za Hitler ziko njiani, na bado unaona vile aliongelesha karani wake asubuhi. Kuna waandishi wa vita wataipita hiyo barua mbio warudi kwa vifaru. Kwangu mi, bila hiyo barua simjui Churchill.

Erik Larson alielewa hii kitu. Kwa The Splendid and the Vile, ya 2020, anafuata mwaka wa kwanza wa Churchill kwa uwaziri mkuu, na anaingia hadi vyumba vya kulala. Unapata binti yake Mary, miaka 17, anataka tu kudance. Unapata Pamela, bibi ya Randolph, ana mimba huku bwanake anachoma doo kwa kamari. Kuna John Colville, secretary kijana, siku nzima anashika karatasi za siri za vita, na usiku anateseka juu ya dem hamtaki. Hivyo ndio romance za siku hizi huandikwa: chapta ya chali, chapta ya dem. Hoover mwenyewe alifanya hivyo kwa It Starts with Us ya 2022, Lily na Atlas wakipokezana. Kitu chali alidhani ni heshima, ukifungua ukurasa unapata dem aliiskia kama tusi. Ukizoea kusoma hivyo, ukipata kitabu nzima inabonga mtu mmoja lazima uulize: na yule mwingine?

Na hapo ndio swali inarudi huku kwetu.

Churchill alikuja Kenya 1907 akiwa naibu waziri wa makoloni, akapanda reli ya Uganda, akatoa kitabu ya hiyo safari 1908, mwaka ule ule wa ndoa. Oktoba 1951 akarudi kuwa waziri mkuu. Mwaka mmoja baadaye, Oktoba 20, 1952, Gavana Evelyn Baring akatangaza hali ya hatari juu ya vita ya Mau Mau. Aprili 24, 1954 wanajeshi wakazingira Nairobi, wakapita Eastlands mlango kwa mlango wakitafuta Wakikuyu, Waembu na Wameru. Walioishia kizuizini walikuwa zaidi ya 20,000. Hizo mitaa ndio zimelea Sheng yenye unasoma hapa. Lakini zile biography za Churchill nimeshika, Kenya ya hiyo miaka zinaipita kama nganya imejaa. Yule bwana wa barua na paka ndio alikuwa kwa kiti wakati hizo milango zinavunjwa. Msomaji wa Ryle anaeza kubeba hizo vitu mbili kwa kichwa moja bila kuitupa ata moja.

Sasa enda Kimathi Street, kwa ile sanamu iko hapo tangu 2007. Bunduki mkono mmoja, kisu mkono mwingine. Hapo hakuna bibi. Lakini Februari 17, 1957, akiwa Kamiti akingoja kunyongwa asubuhi, Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau msituni, alimwandikia padri mmoja wa Nyeri, Father Marino. Anasema yuko tayari kuenda. Alafu anashika mambo ya nyumbani: kijana wake apate shule, mamake asisahaulike, na masista wa kanisa wamfariji bibi yake, mwenye alikuwa amefungwa hapo hapo Kamiti. Chali na dem, jela moja.

Huyo dem ni Mukami. Alikuwa Mau Mau mwenyewe, hakuwa tu bibi ya mtu. Alilea watoto bila bwana, na miaka yote akaitisha mifupa ya mzee wake, gava baada ya gava, azike mtu wake. Alikufa Mei 2023 kabla ya kupewa. Wairimu Nderitu ameandika maisha yake, na hiyo kitabu ingefaa kuwa kwa kila gunia ya Moi Avenue. Wasouth wako mbele yetu kidogo, juu Jonny Steinberg alitoa Winnie and Nelson 2023, na ndoa yenyewe ndio stori, na hakuna mwenye anaogeshwa hapo ndani.

Mi nangoja msee wa rika letu, wa kukulia Wattpad, ashike ile ndoa aiandike vile anajua. Chapta ya msitu, chapta ya Kamiti. Atuambie nani alimkatia mwenzake, waliwachana vipi usiku ule alienda msituni, na Mukami alikuwa anamwita nani wakiwa wawili tu. Asimsafishe Kimathi, juu ata huko msituni kuna wenzake walimuogopa. Ikitoka sitangoja ifike kwa gunia. Nitainunua mpya, bei ya duka.