Mahekalu ya Wakhmer Nje ya Angkor, na Namna ya Kuyatazama kwa Safari Fupi

Wageni wengi waendao Kambodia kutazama athari za dola ya Wakhmer hufikia Siem Reap, wakaamka alfajiri kulisubiri jua lichomoze nyuma ya minara ya Angkor Wat, wakazunguka Bayon na Ta Prohm katika msongamano wa watu, kisha wakarejea kwao wakiamini kwamba wamekwisha kuona kila kinachostahili kuonwa. Sina neno baya juu ya Angkor Wat, ambayo kwa adhama yake na ukamilifu wa nakshi zake yastahiki sifa zote ilizopewa. Lakini aliyeiona hiyo peke yake ameona kilele cha kazi bila ya kuona ngazi walizopanda mafundi hata wakakifikia, na ngazi hizo, pamoja na kazi zilizokifuata kilele hicho, zimetawanyika katika majimbo ya Kampong Thom, Preah Vihear na Banteay Meanchey, mahali ambapo mtu aweza kusimama mbele ya mlango mmoja wa hekalu kwa nusu saa pasi na kusukumwa na yeyote.

Kwa mwenye siku nne au tano na kiongozi mzuri wa safari, kanuni ninayoishauri ni moja: mahekalu na yatazamwe kwa utaratibu wa umri wake, la kale mwanzo na la karibuni mwisho. Safari nyingi zinazouzwa huanzia Siem Reap zikarudi nyuma, hata mgeni akafika kwenye majengo ya kwanza akiwa amekwisha kushiba majengo ya mwisho, naye akayaona duni, ilhali bila ya hayo ya kwanza hayo ya mwisho yasingalipata kuwapo. Bahati njema ni kuwa njia yenyewe yakubaliana na taarikhi: ukianzia Phnom Penh ukafuata barabara ya taifa namba 6, utaikuta kwanza Sambor Prei Kuk ya karne ya 7, kisha utakata kaskazini kwenda Koh Ker ya karne ya 10, utashuka Beng Mealea ya karne ya 12, na kama siku zimesalia utamalizia Banteay Chhmar, kazi ya mwishoni mwa karne hiyo ya 12 na mwanzo wa ile iliyofuata. Kabla ya kuondoka Phnom Penh, nusu siku na itolewe kwa Makumbusho ya Taifa, yaliyofunguliwa mwaka 1920, kwa kuwa mahekalu utakayoyaona ni nyumba ambazo wenyewe, yaani sanamu za miungu, wamehamishwa, na wengi wa wenyewe hao wamo humo.

Yapasa kuelewa tangu awali kwamba hekalu la Wakhmer halikujengwa liwe ukumbi wa kukusanyika waumini, kama ulivyo msikiti au kanisa. Lilikuwa nyumba ya mungu: chumba kidogo chenye kiza, ndani yake sanamu au linga, nguzo ya jiwe iliyo alama ya mungu Shiva, ambamo makuhani waliingia kuhudumu, na watu wa kawaida wakabaki nje. Mnara ulio juu ya chumba hicho ni mfano wa mlima Meru, makao ya miungu katika itikadi zilizotoka Bara Hindi, na handaki la maji lizungukalo majengo makubwa ni mfano wa bahari iuzungukayo mlima huo. Mlango wa kweli aghalabu ni mmoja, nao watazama mashariki; pande tatu zilizobaki zina milango ya uongo, iliyochongwa ikaigiza milango ya mbao kwa uaminifu mkubwa, ingawa hakuna aliyetarajiwa kuifungua. Juu ya mlango hulazwa kizingiti cha jiwe la mchanga, na hapo ndipo jicho la mgeni lipaswapo kutulia kuliko mahali pengine popote.

Sababu ni kuwa vizingiti hivyo ndivyo vilivyowafundisha wataalamu kuhesabu umri wa majengo. Kuta za Wakhmer zilibadilika polepole, lakini nakshi za vizingiti zilibadilika kwa kila kizazi cha mafundi, kila kimoja kikirithi mtindo wa kilichotangulia na kuugeuza kidogo. Mwaka 1927 Mfaransa Philippe Stern, kwa kuyafuatisha mageuzi ya nakshi namna hiyo, alithubutu kusema kwamba Bayon, iliyokuwa ikidhaniwa ni ya karne ya 9, ni changa zaidi ya hapo. Na mwaka uliofuata George Coedès, aliyekuwa bingwa wa kuyasoma maandishi ya mawe, akaileta hadi mwishoni mwa karne ya 12, ilipo hadi leo. Taarikhi nzima ya dola ikapangwa upya kwa sababu watu wawili walitazama kwa makini mambo ambayo wengine waliyapita.

Sambor Prei Kuk iko mwendo wa kilomita kama 30 kaskazini ya mji wa Kampong Thom. Hapa ndipo ulipokuwa mji wa Isanapura, makao ya Isanavarman wa Kwanza, aliyetawala mwanzoni mwa karne ya 7, karibu miaka mia mbili kabla ya Jayavarman wa Pili kutawazwa juu ya mlima Kulen mwaka 802, jambo ambalo aghalabu huhesabiwa kuwa ndio mwanzo wa enzi ya Angkor. Majengo ni ya matofali, chini ya miti mirefu, na miongoni mwake yamo 10 yenye pembe nane, umbo lisilo na mfano katika nchi zile. Nayo UNESCO ililiingiza eneo hili katika urithi wa dunia mwaka 2017. Mgeni asogee karibu na ukuta autazame. Matofali yameshikamana kwa gundi iliyotokana na mimea, na viungo vyake ni vyembamba hata huwezi kuingiza ncha ya kisu, kwa sababu fundi alikusudia ukuta uwe kama kipande kimoja cha jiwe cha kuchongwa. Na kweli wakauchonga, baada ya kuusimamisha, wakaacha juu yake taswira za kasri ndogo zinazobebwa angani na viumbe wenye mbawa, ambazo zamani zilipakwa lipu ya chokaa na leo zimebaki tofali tupu. Kwenye vizingiti utawaona makara wawili, viumbe wa majini wa hadithi za Kihindi, wakielekeana kutoka ncha mbili, na vinywani mwao limetoka tao lililopambwa kwa duara zenye picha. Yashike hayo moyoni, kwa kuwa katika mahekalu ya karne zilizofuata makara hao watapungua, tao litageuka kuwa shada la majani, na katikati atakaa Kala, uso wa jitu lenye macho makubwa lisilo na taya ya chini. Mashimo mapana ya duara utakayoyaona ardhini si mabirika ya kale. Yalichimbwa na mabomu ya ndege za Marekani katika vita vya karne iliyopita.

Koh Ker ni habari nyingine kabisa. Jayavarman wa Nne aliuhamisha mji mkuu kutoka Angkor, na kwa miaka isiyozidi 16, tangu 928 hadi 944, yeye, na baada yake mwanawe aliyemrithi kwa muda mfupi, walijenga katika nyika kavu ya kaskazini mashariki kana kwamba walikuwa na haraka ya kuthibitisha haki yao ya kutawala. Kila kitu hapa kilitakiwa kiwe kikubwa. Piramidi ya Prasat Thom ina daraja saba na kimo cha mita 36 hivi, na kileleni mwake, ambako mgeni hupanda leo kwa ngazi ya mbao iliyotengenezwa ubavuni, ilisimama linga ya mfalme. Katika vihekalu vya kandokando zimebaki linga za jiwe nene kupita kimo cha mtu, zimekaa pale pale zilipowekwa. Eneo hili liliingizwa katika urithi wa dunia mwaka 2023.

Lakini jambo ninalotaka msomaji alione Koh Ker kwa macho ya karibu si piramidi. Ni nyayo. Katika hekalu la Prasat Chen, mbali kidogo na njia kuu, mafundi wa Jayavarman walifanya kitu ambacho Wakhmer hawakuwahi kukifanya kabla yake: walizitoa taswira za visa ukutani wakazifanya sanamu zilizosimama huru, katikati ya chumba, zikiwa katika mwendo. Walionyesha pambano la Bhima na Duryodhana kutoka katika utenzi wa Kihindi wa Mahabharata, wapiganaji wawili walioinama tayari kurukiana, na jamaa zao wamekaa chini wakiwatazama. Katika miaka ya vita waporaji wakazikata sanamu hizo miguuni wakazisafirisha, na nyayo zikabaki juu ya misingi yake. Nyayo hizo ndizo zilizotoa ushahidi. Zilipolinganishwa na sanamu zilizokuwa zikionyeshwa na kuuzwa Marekani, mkato ulikubaliana na mkato, hata hapakuwa na njia ya kukana. Na mwaka 2013 jumba la makumbusho la Metropolitan la New York likarudisha wawili wa wale waliokaa, na mwaka 2014 Duryodhana na Bhima nao wakarejea Phnom Penh. Aliyewaona makumbushoni kisha akasimama Koh Ker mahali walipokatwa huielewa kazi yote ya fundi, na hasara yote pia, kwa namna isiyoweza kutolewa na kitabu.

Beng Mealea, kilomita kama 40 mashariki ya Angkor, ni shule ya ujenzi. Mtindo wake ni ule ule wa Angkor Wat, bali haikuinuliwa juu ya madaraja. Imelala chini, na sehemu kubwa imeporomoka, na mizizi ya mitini imepenya kuta zake. Wageni huja kupiga picha za mizizi. Heri watazame juu, mahali paa lilipokatika, kwa kuwa hapo waweza kuona kwa ndani namna Wakhmer walivyofunika vyumba vyao. Msomaji aliyepata kuingia Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani amezoea kuona kuba na matao ya kweli, yaliyojengwa kwa matumbawe na chokaa, ambamo kila jiwe humsukuma mwenziwe na mzigo ukashuka pande mbili. Wakhmer, pamoja na ustadi wao wote, hawakujenga tao la namna hiyo. Walipanga mawe makavu safu juu ya safu, kila safu ikitokeza ndani kidogo kuliko iliyo chini yake, mpaka pande mbili zikakutana juu, na uzito wa mawe ya nyuma ndio uliozuia yale ya mbele yasianguke. Kutokana na hilo yaeleweka kwa nini mahekalu yenye eneo kubwa namna ile yana vyumba vyembamba kama ujia, na kwa nini jengo likipoteza mawe machache tu paa zima hushuka.

Hapo hapo Beng Mealea tazama nyuso za mawe yaliyoanguka, utaona vitundu vya duara, vya ukubwa wa kidole gumba, viwili viwili au zaidi. Wageni wengi hudhani ni risasi. Ni vitundu vya kuingizia vigingi vya mbao, ambavyo vilifungwa kamba ili jiwe liinuliwe, na lilipofika mahali pake lilisuguliwa juu ya mwenziwe mpaka nyuso zote mbili zikalingana. Machimbo ya mawe yalikuwa karibu, chini ya mlima Kulen.

Banteay Chhmar, kaskazini ya mji wa Sisophon, yafaa kwa mwenye siku ya ziada. Ilijengwa na Jayavarman wa Saba, mfalme mfuasi wa Budha, na kuta zake za nje zimejaa taswira za vita vya majini na nchi kavu dhidi ya majirani zao Wachamu. Upande wa magharibi palikuwa na sanamu nane za Avalokiteshvara, mtakatifu wa huruma wa Wabudha, mwenye mikono mingi, zimechongwa ukutani. Mwishoni mwa mwaka 1998 sehemu ya ukuta huo ilibomolewa kwa zana na kupakiwa malorini. Mwanzoni mwa 1999 polisi wa Thailand walilikamata lori moja lenye vipande 117. Sanamu mbili zilizorudishwa zimo makumbushoni Phnom Penh, na mbili tu zimesimama mahali pake. Wanakijiji hupokea wageni majumbani mwao na kuwaongoza, na fedha hubaki kijijini. Nashauri mtu alale huko badala ya kurudi Siem Reap siku ile ile.

Muda mwema ni tangu Novemba hadi Februari, kabla ya joto kali. Mabomu ya ardhini yangali yamezikwa katika sehemu za vijijini, kwa hiyo mgeni asiiache njia iliyokanyagwa hata akiuona mnara msituni. Ama mahekalu ya mpakani, na hasa Preah Vihear, ambalo Mahakama ya Kimataifa ya Haki ililihukumia Kambodia mwaka 1962, mapigano ya mwaka 2025 baina ya Kambodia na Thailand yanalazimu mtu aulize hali kabla ya kulipia safari, wala asiridhike na ahadi ya muuzaji. Na kiongozi achaguliwe kwa swali moja: muulize kizingiti kilicho mbele yenu ni cha zama zipi, na amejuaje. Ajuaye hujibu kwa kunyoosha kidole kwenye nakshi.

Sheria ya Kambodia ya mwaka 1996 imekataza kuvitoa nje ya nchi vitu vya kale bila ya idhini. Basi ukiletewa sokoni kichwa cha jiwe, au kipande cha nakshi kilichofungwa gazetini, ukaambiwa ni cha kale na bei yake ni nafuu, usikinunue, wala usikishike ukakisifu mbele ya muuzaji. Mwarifu kiongozi wako, naye ajua mahali pa kulipeleka neno hilo.