Rekodi za Magendo Katika Maji ya Lamu

Shehena moja kubwa ilikuwa ya unga. Aprili 2014, manowari ya Australia iitwayo Darwin ilisimamisha jahazi mashariki ya Mombasa na kukuta kilo 1,032 za heroini. Hadi wakati huo, vikosi vya kimataifa vinavyopiga doria bahari hii havikuwa vimewahi kukamata heroini nyingi kiasi hicho. Unga huo hutoka pwani ya Makran, Iran na Pakistan, ukipelekwa masoko ya mbali. Unaobaki njiani ndio unaowamaliza vijana wetu wa mwambao.

Magendo yenye hila nyingi zaidi, kwa maoni yangu, ni ya makaa. Umoja wa Mataifa uliyapiga marufuku makaa ya Somalia Februari 2012, kwa Azimio namba 2036, lakini majahazi yaliendelea kupakia Kismayu, bandari kubwa iliyo jirani yetu upande wa kaskazini. Mwaka 2018 wachunguzi wa Umoja huo walikadiria kwamba magunia milioni 3 hivi yalikuwa yakitoka Somalia kila mwaka, yakiuzwa kwa jumla dola milioni 150 huko yaendako. Hati za kughushi zilidai makaa hayo ni ya Komoro, Ghana au Ivory Coast. Mengine yalibadilishiwa magunia Iran, yakaingia Ghuba kama mali ya Iran. Al-Shabaab nao walitoza ushuru wao, usiopungua dola milioni 7.5 kwa mwaka.

Juni 2014 kundi hilohilo lilikiri kushambulia mji wa Mpeketoni, hapa Lamu, na watu wapatao 60 wakauawa. Ikafuata amri ya kutotoka usiku. Mvuvi wa Lamu anayetegemea bahari ya usiku, ambaye hajawahi kuuza hata debe la makaa, akafungiwa riziki yake. Huo ni uonevu, na hakuna aliyemlipa fidia kutoka kwenye zile milioni 150.

Uonevu kama huo ulifika hata msituni. Msitu mkubwa kuliko yote wa mikoko nchini uko kwetu: hekta 37,350, asilimia 61 ya mikoko yote ya Kenya. Serikali iliposimamisha ukataji miti Februari 2018 ili kukomesha uharibifu wa misitu, wakata boriti za mikoko wenye leseni walikosa kazi sawa na wezi wa miti.

Jamaa zetu mlioko Dubai na Maskati, mnaponunua gunia la makaa ulizeni yamechomwa wapi. Muuzaji asipoweza kuwajibu, mwachieni gunia lake.