Barua Pepe Bila Nakala ni Amana Bila Hati

Wahenga walituachia usemi kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Aghalabu tunauelekeza kwa wachuuzi na wenye maduka, tukidhani wasomi hauwahusu. Nimeukumbuka kwa uchungu hivi majuzi, baada ya kutembelewa hapa mjini Garissa na kijana mmoja aliyekuwa mwanafunzi wangu.

Kijana huyo ni wa jamii ya Waaweer, ambao majirani huwaita Waboni. Hawa ni watu wa msituni, warina asali hodari, wanaoishi Ijara, kusini mwa Kaunti ya Garissa, na vilevile katika Kaunti ya Lamu. Lugha yao ni ya Kikushi, jamaa wa karibu wa Kisomali, na wasemaji wake waliosalia ni elfu chache tu. Kwa muda wa miaka mitatu, kila alipokwenda likizo, kijana huyu aliketi na nyanya yake akimwuliza majina ya miti, ya nyuki na ya sehemu za mzinga, na maneno ambayo mrina asali humwambia ndege yule anayemwongoza mpaka kwenye asali. Aliyaandika katika simu yake, kisha, kama wafanyavyo vijana wengi, akajitumia mwenyewe kwa barua pepe. Sanduku lake la barua ndilo lililokuwa daftari lake.

Kisha simu ikavunjika. Mlingoti wa simu wa karibu na kijiji chao ulikuwa umeangushwa na wahalifu, na kwa miezi mingi hapakuwa na mawasiliano. Laini yake ikakaa bila kutumika hadi namba ikaondolewa na kupewa mtu mwingine. Alipofika mjini na kutaka kufungua sanduku lake, neno la siri alikuwa amelisahau, na kampuni inayoliendesha ikadai namba ya uthibitisho ambayo ilikuwa ikitumwa kwenye laini ile ile ya zamani. Aliandika maombi, akajibiwa na mashine. Akaandika tena, akajibiwa maneno yale yale.

"Mwalimu," akaniambia, "nyanya alifariki mwaka jana. Maneno yake yote yamo humo ndani."

Nilifungua tarakilishi yangu tukatafuta. Kati ya mamia ya barua alizojiandikia, 11 alikuwa amenitumia na mimi pia ili nizipitie. Hizo 11 ndizo zilizosalia.

Sisimulii haya ili kuilaumu kampuni. Nayasimulia kwa kuwa yanaonyesha kosa tunalolifanya karibu sote, na kosa lenyewe limo katika usemi wetu. Twasema "barua zangu", "sanduku langu". Lugha inaturuhusu kuitumia "-angu" kwa vitu tusivyovimiliki: basi langu limechelewa, benki yangu imefungwa. Lakini barua pepe iliyo katika huduma ya mtandaoni haimo nyumbani mwako. Imo katika mitambo ya mtu mwingine, pengine katika nchi nyingine, nawe umepewa ufunguo kwa masharti ambayo hukuyasoma. Kiswahili kina neno zuri la hali hiyo, nalo ni amana. Ila amana ya wazee wetu ilikuwa na shahidi ama hati. Hii yetu haina kimojawapo.

Mambo hayakuwa hivi tangu mwanzo. Katika miaka ya awali ya barua pepe, desturi ilikuwa barua kuteremshwa kutoka mtandaoni na kukaa ndani ya tarakilishi ya mwenyewe. Mageuzi makubwa yalikuja Julai 1996 ilipofunguliwa huduma ya Hotmail, iliyomwezesha mtu kusoma barua zake bure kwenye tarakilishi yoyote yenye intaneti. Nafasi aliyopewa ilikuwa ndogo mno, megabaiti 2, hivyo alilazimika kufuta au kuhamisha. Aprili 1, 2004, Google ikaleta Gmail yenye gigabaiti nzima, ikatuambia hatuna haja tena ya kufuta barua. Tulifurahi, na kwa haki. Lakini tulipoacha kufuta tuliacha pia kuhamisha, na hapo ndipo tulipoacha kuweka daftari.

Masharti, hata hivyo, yapo. Mnamo Mei 2023 Google ilitangaza kwamba akaunti ya mtu binafsi isiyotumiwa kwa miaka miwili yaweza kufutwa pamoja na vyote vilivyomo, na ufutaji ukaanza Desemba mwaka huo. Kwa Yahoo muda ni mfupi zaidi: sanduku lisilofunguliwa kwa miezi 12 laweza kufutiwa barua zake. Kwa mkazi wa London miaka miwili bila kufungua barua ni jambo la ajabu. Kwa mtu aliyefuata mifugo katika ukame ule wa tangu 2020 hadi 2022, au anayeishi Mandera, Wajir au Ijara ambako milingoti imelipuliwa mara kadhaa, mwaka mmoja bila mtandao si jambo la kushangaza.

Tena eneo hili letu la Kaskazini Mashariki lina sababu ya pekee ya kuthamini karatasi. Mwishoni mwa mwaka 1989 Wakenya wenye asili ya Kisomali walipangwa foleni kusailiwa uraia wao, na waliofaulu wakapewa kadi za rangi ya waridi. Baadaye, maelfu ya wenyeji waliojiandikisha Dadaab wakati wa njaa, ili wapate chakula, walijikuta ni wakimbizi katika sajili, wakanyimwa vitambulisho vya nchi yao wenyewe. Usaili maalumu wa vitambulisho katika kaunti za mpakani uliendelea hadi Rais alipotangaza kuuondoa, Februari 2025. Mzee wa hapa anajua kwamba siku moja ataulizwa, "Uthibitisho uko wapi?" Ndiyo maana hukunja cheti chake cha kuzaliwa ndani ya mfuko wa nailoni na kukificha chini ya godoro. Mwanawe naye anapokea kwa barua pepe jibu la karo ya kaunti, barua ya kuajiriwa na matokeo ya hospitali, na hana godoro la kuvificha. Katika kambi za Ifo, Dagahaley na Hagadera, zilizofunguliwa tangu mwaka 1991, ziko familia ambazo habari zote za kesi zao za kuhamishiwa ng'ambo zimo katika sanduku moja, la simu moja, yenye laini moja.

Historia imekwisha kutufunza kwamba anayeshika karatasi zako ameshika sehemu ya ukweli wako. Kabla ya uhuru wa 1963, Waingereza walisafirisha kwao majalada ya siri ya utawala wa Kenya. Hadi mwaka 2011, wazee waliopigania uhuru walipokuwa mahakamani London, ndipo serikali ya Uingereza ilipokiri kwamba majalada hayo yalikuwa katika jengo lake la Hanslope Park. Karatasi hizo zilisaidia kuwapatia wazee 5,228 fidia ya pauni milioni 19.9 mwaka 2013. Wengine wengi walikuwa wamekufa wakisubiri.

Upande wa pili wa funzo hilo unatoka katika fani yangu. Maandishi ya Kiswahili yaliyo ya kale kuliko yote tunayoyajua ni barua zilizoandikwa Kilwa kwa hati ya Kiarabu mwaka 1711. Hatukuzipata Kilwa. Zimehifadhiwa Goa, huko India, katika makavazi ya Wareno. Yaani zilisalimika kwa sababu zilikuwapo mahali pengine mbali na alikokaa mwandishi. Barua 11 za mwanafunzi wangu zilisalimika kwa njia hiyo hiyo. Tofauti ni kwamba sisi leo hatuhitaji kubahatisha; twaweza kuzipeleka nakala zetu Goa sisi wenyewe, kwa kukusudia.

Atatokea msomaji wa kuniambia kwamba kampuni hizi ni kubwa, na mitambo yao haifi. Namjibu kwa kisa cha Februari 2011, ambapo kasoro katika programu iliwafanya maelfu ya watumiaji wa Gmail wakute masanduku yao ni matupu. Barua zilirudishwa, naam, lakini zilirudishwa kutoka kwenye kanda za sumaku ambazo Google ilikuwa imeziweka kando, nje ya mitambo ile. Ikiwa mwenye nyumba mwenyewe anaweka nakala nje ya nyumba, mpangaji ana udhuru gani?

Hebu basi tuseme yanayotendeka. Mwenye Gmail ana njia rahisi iitwayo Google Takeout. Huingia humo, huchagua barua peke yake, kisha huomba nakala. Baada ya saa chache au siku kadhaa hupata kiungo cha kuteremshia faili, nacho hudumu kwa muda wa wiki moja tu, basi asingoje. Faili hilo la barua husomeka kwa programu ya bure iitwayo Thunderbird. Kwa huduma nyingine nyingi, Thunderbird hiyo hiyo huweza kuunganishwa na sanduku lako na kuteremsha barua. Lakini zingatia jambo moja ambalo huwaponza wengi: muunganisho wa kawaida ni kama kioo. Kikifutwa kilichoko kule, na picha yake hapa hufutika. Ni lazima uzinakili barua na kuziweka katika folda zilizo ndani ya tarakilishi yako. Ndipo ziwe zako kweli.

Asiye na tarakilishi asikate tamaa. Barua tano au kumi za maisha yake, ile ya shule, ya kazi, ya kesi, zaweza kufunguliwa moja moja katika simu, kupelekwa kwenye sehemu ya kuchapisha, na badala ya kuchapishwa zikahifadhiwa kama PDF. Kisha azichapishe kwenye karatasi pia, na nakala nyingine aiweke katika flashi. Flashi moja haitoshi. Joto la Garissa na vumbi lake tunavijua. Nakala zikae mahali pawili palipo mbali na pengine, na kila mwaka azifungue aone kama zingali zinasomeka.

Pana hatari pia, wala sitaificha. Nakala ni siri iliyozaa siri ya pili. Ukiteremsha barua zako katika duka la mtandao mjini na kuondoka bila kuzifuta, umemwachia kila ajaye nyuma yako. Kwa mkimbizi, barua yaweza kutaja jina la ndugu aliyebaki mahali pa hatari. Kwa hiyo nakala ifungwe kwa neno la siri, na apewe mtu mmoja unayemwamini.

Sheria nayo iko upande wetu. Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019, kifungu cha 38, humpa Mkenya haki ya kupata data zake katika muundo unaosomeka na mashine, ili aweze kuhama nazo. Ni haki, si hisani. Nayo Sheria ya Ushahidi, katika kifungu cha 106B, huzikubali rekodi za kielektroniki mahakamani, lakini hutaka cheti kinachoeleza jinsi rekodi ilivyotolewa na kifaa kilichotumika. Ndiyo sababu karatasi peke yake huenda isitoshe. Hifadhi na faili lenyewe.

Nimalizie kwa jirani zetu wenye lugha kubwa ya eneo hili. Kisomali hakikuwa na hati rasmi hadi mwaka 1972, serikali ya Somalia ilipochagua herufi za Kilatini. Mashairi yake yalivuka vizazi kwa kuhifadhiwa vichwani, na siri ya kudumu kwake ilikuwa wingi wa vichwa: shairi moja lilikaririwa na watu wengi, kambi hii na ile, kiasi kwamba kifo cha mmoja hakikulizika. Wafugaji wasiojua kusoma walielewa habari ya nakala kutushinda sisi wenye shahada.

Zile barua 11 tumezichapisha. Fungu moja liko kwangu, moja kwa kijana, na la tatu limepelekwa Ijara kwa shangazi yake, ambaye husomewa jioni. Juma lililopita aliturudishia ujumbe kwamba jina moja la nyuki tulikuwa tumeliandika vibaya, na kwamba mengine matatu tumeyasahau. Tumeyaongeza, katika nakala zote tatu.