Bei ya Kweli ya Nyumba ya Deni

Katika mazungumzo yetu ya leo twataka kueleza jambo moja la fedha ambalo watu wengi huliingia kwa furaha na kulifahamu baadaye sana. Jambo lenyewe ni mkopo wa kununua au kujenga nyumba, ule ulipwao kidogo kidogo kila mwezi kwa miaka mingi, nyumba ikiwa rehani. Pengine msomaji wetu aliye shamba atasema, "Hayo ni mambo ya watu wa Nairobi na Mombasa, mimi yanihusu nini?" Yamhusu. Kijana wake mwenye kazi ya mshahara mjini huenda akaja siku moja na karatasi za benki mkononi, akamwomba baba yake hati ya shamba iwekwe rehani kwa ajili ya nyumba hiyo. Hapo mzee atatakiwa kutia sahihi, nasi twapenda ajue anatia sahihi chini ya hesabu gani.

Na tumfikirie mwalimu mmoja wa hapa Kenya aliyekopa shilingi 1,000,000. Twajua ya kuwa fedha hizo hazitoshi kununua nyumba katika Nairobi. Tumezichagua kwa kuwa ni nyepesi kuhesabia, na mwenye deni la milioni 5 atazidisha kila hesabu yetu kwa tano. Riba yake ni shilingi 12 kwa kila mia kwa mwaka, yaani shilingi 1 kwa kila mia kwa mwezi. Muda wa kulipa ni miaka 20, ambayo ni miezi 240. Karani wa benki hupiga hesabu, kisha humwambia, "Utalipa shilingi 11,011 kila mwezi." Mwalimu hutazama mshahara wake, huona ya kuwa aweza, humshukuru karani, na mambo huishia hapo.

Lakini mambo hayakustahili kuishia hapo. Mwalimu ameuliza bei ya mwezi, hakuuliza bei ya nyumba. Chukua kalamu uzidishe 11,011 kwa 240. Utapata yapata shilingi 2,642,600. Amekopa milioni moja, naye atarudisha milioni moja, na juu yake milioni moja na laki sita na zaidi.

Sasa tueleze fedha hizo zinakwenda wapi, maana hapa ndipo penye fundo lenyewe. Riba huhesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni shilingi 1,000,000, na riba yake, shilingi moja kwa kila mia, ni 10,000. Mwalimu analeta 11,011. Benki hutoa kwanza riba yake, na zile 1,011 zilizosalia ndizo peke yake zinazopunguza deni. Mwezi wa pili deni ni 998,989. Riba yake ni 9,990, na deni lapungua kwa 1,021. Basi huenda hivyo hivyo, riba ikishuka kwa shilingi chache kila mwezi, na sehemu ya kulipia deni ikipanda kwa shilingi zizo hizo. Mwanafunzi yeyote ajuaye kuzidisha na kutoa aweza kuendeleza hesabu hii katika daftari lake, mstari mmoja kwa kila mwezi, nasi twamsihi afanye walau miezi kumi na miwili ili aone kwa macho yake jinsi inavyokwenda polepole.

Baada ya miaka 5 mwalimu wetu amekwisha kulipa zaidi ya shilingi 660,000. Ukimwuliza, atakuambia kwa moyo safi ya kuwa karibu theluthi mbili za deni zimekwisha. Akienda benki kuuliza ataambiwa ya kuwa angali anadaiwa 917,400. Baada ya miaka 10, naye amefika nusu ya safari, amelipa 1,321,000 na ushei, yaani zaidi ya fedha zote alizokopa, na deni lake bado ni 767,500. Itamchukua karibu miaka 15, bila kukosa hata mwezi mmoja, kulifikisha deni kwenye nusu. Nusu ya pili yaishia katika miaka 5 ya mwisho, kwa kuwa siku hizo riba imekuwa ndogo na sehemu kubwa ya malipo huenda kwenye deni lenyewe.

Watu wakionyeshwa hesabu hii hukasirika, husema wameibiwa. Hawakuibiwa. Mtu aliyekaa na fedha za mwenzake hulipa kwa ajili ya zile alizonazo mkononi, na katika miaka ya kwanza anazo karibu zote. Tena yafaa kukumbuka mtindo uliokuwapo zamani. Katika Marekani, kabla ya miaka ya 1930, mikopo mingi ya nyumba ilikuwa ya miaka michache tu. Mkopaji alilipa riba, na deni lenyewe, au sehemu yake kubwa, lilimngoja zima mwisho wa muda. Ulipofika msiba wa uchumi uliotokea mwaka 1929, watu kwa maelfu hawakuweza kulipa wala kupata mkopo mwingine wa kulipia ule wa kwanza, wakatolewa katika nyumba zao. Sheria ya nyumba ya mwaka 1934 ndiyo iliyosaidia kueneza huko mkopo wa muda mrefu ambao kila malipo yake yana kipande cha deni ndani yake. Kwa hiyo mkopo huu si mtego. Ni chombo kizuri, ila chombo hiki kina uzito, na mchukuzi hana budi kuupima kabla ya kukitia begani.

Uzito huo watokana na mambo mawili, kiasi cha riba na urefu wa muda. Watu hubishana sana juu ya la kwanza, la pili hulipokea bila neno. Hebu tazama. Mwalimu yule angekubali kulipa deni lake kwa miaka 15 badala ya 20, malipo ya mwezi yangekuwa 12,002. Ni nyongeza ya shilingi 991 kwa mwezi. Lakini jumla ya malipo yote ingeshuka hata 2,160,300, naye angeokoa zaidi ya shilingi 482,000. Na kama angetaka kujipunguzia mzigo, akaomba miaka 25? Malipo ya mwezi yangekuwa 10,532. Amepata nafuu ya shilingi 479 tu, na jumla imepanda hata 3,159,700. Kwa nafuu hiyo ndogo ya kila mwezi ameongeza zaidi ya nusu milioni.

Twaongeza hesabu moja ambayo sisi wenyewe ilitushangaza. Mwaka 2018 iliundwa hapa Kenya kampuni ya kuzikopesha benki na vyama vya akiba fedha za mikopo ya nyumba kwa riba nafuu, na baadhi ya wakopaji wamepata mikopo hiyo kwa riba iliyo chini ya shilingi 10 kwa mia. Ni jambo jema sana. Walakini, mtu aliyekopa milioni moja kwa riba ya 9 kwa mia kwa miaka 20 atalipa jumla ya 2,159,300. Ilinganishe na yule wa 12 kwa mia kwa miaka 15. Jumla zao zalingana, tofauti yao ni shilingi elfu moja hivi. Tofauti yote ile ya riba, ambayo watu wangesafiri mbali kuitafuta, imeliwa na miaka mitano.

Kwa sababu iyo hiyo, fedha zinazotangulia zina nguvu kuliko zinazofuata. Mwalimu akipata shilingi 10,000 za ziada, pengine kwa kuuza ng'ombe au kwa mavuno mema ya chai, akazilipa pamoja na malipo ya mwezi wa kwanza, na akaendelea kulipa 11,011 kama desturi, deni litakwisha miezi tisa na zaidi kabla ya wakati wake. Elfu kumi za mwanzo zimefuta zaidi ya laki moja za mwisho. Fedha zizo hizo akizileta katika mwaka wa kumi na tisa, hazitamwokolea ila kidogo sana. Lakini na aandike barua ya kuwa fedha hizo ni za kupunguza deni lenyewe, wala si malipo ya mwezi ujao yaliyoletwa mapema. Na kabla ya kutia sahihi mkopo wowote na aulize kama kuna faini ya kulipa kabla ya wakati.

Mpaka hapa tumesema kana kwamba riba husimama mahali pamoja. Mikopo mingi ya nyumba haiko hivyo. Riba yake hupanda na kushuka. Riba ya Benki Kuu ya Kenya ilikuwa 7 kwa mia mwanzoni mwa mwaka 2022, na mwezi wa Februari 2024 ilikuwa imefika 13, kisha ikaanza kushushwa tena mwezi wa Agosti mwaka huo. Sheria iliyowekea mpaka riba za mabenki ilianza mwaka 2016, nayo ikafutwa 2019. Tumrudie mwalimu wetu mwisho wa mwaka wa tano, akidaiwa 917,400, na riba ikapanda kutoka 12 kufika 15. Riba ya mwezi mmoja peke yake sasa ni 11,468. Malipo yake ya desturi, 11,011, hayatoshi hata kulipia riba. Akiendelea kuyaleta hayo hayo, deni litakua kila mwezi badala ya kupungua. Ili amalize kwa wakati wake itampasa kulipa 12,840. Basi mtu asikope hata mwisho wa uwezo wake. Ajipime kwanza: je, riba ikipanda kwa tatu, nitakula nini?

Wako wasemao ya kuwa sheria ya Kenya hairuhusu riba kupita deni lenyewe. Wamesikia nusu ya habari. Sheria iliyoanza kazi mwaka 2007 yahusu deni lililoacha kulipwa: riba inayoongezeka toka hapo haiwezi kuzidi deni lililokuwapo siku ile. Mtu anayelipa vizuri kila mwezi haimgusi, naye, kama tulivyoona, hulipa riba kupita deni bila sheria yoyote kuvunjwa.

Na asiyeweza kulipa? Sheria ya ardhi ya mwaka 2012 yataka apewe kwanza taarifa ya muda usiopungua miezi mitatu, kisha taarifa nyingine ya siku 40 kabla ya mnada. Tena nyumba ya mume na mke haiwezi kuwekwa rehani bila idhini ya mwenzi. Mama akiletewa karatasi hiyo asiharakishwe. Ana haki ya kuisoma, au kusomewa, na kuuliza.

Gharama nyingine tutazipita upesi: mthamini wa nyumba, mwanasheria, bima ya moto na ya maisha ya mkopaji, na ushuru wa stempu, ambao kwa kawaida katika kununua nyumba ni shilingi 4 kwa mia mjini na 2 kwa mia shamba. Fedha hizi hutakiwa kabla hujapewa ufunguo.

Jihadhari vilevile na riba isiyopungua, ambayo huhesabiwa juu ya deni la mwanzo mpaka siku ya mwisho, hata kama umekwisha lipa sehemu kubwa. Anayekutajia 7 kwa mia ya namna hiyo kwa miaka 20 atakudai 10,000 kwa mwezi kwa kila milioni. Ni sawa na kukopa kwa riba ya kawaida iliyopita 10 na nusu kwa mia. Ndugu zetu Waislamu wanaoepuka riba wana mabenki yanayonunua nyumba na kuwauzia kwa faida iliyokubaliwa, au kuimiliki pamoja nao na kuwauzia fungu baada ya fungu. Hao nao na waulize jumla.

Haki yatutaka tuseme na upande wa pili. Mwalimu asiyekopa hulipa kodi ya nyumba, na kodi hupanda, wala baada ya miaka 20 hana hata mlango mmoja alio mwenyewe. Tena shilingi 11,011 za mwaka wa ishirini hazitanunua kitu kile zinachonunua leo, wakati mshahara wake huenda umeongezeka. Kwa hiyo hatumwambii mtu asikope. Mwenye kazi ya kudumu, anayelipa kodi karibu sawa na malipo ya mkopo, twaona afadhali akope, lakini kwa muda mfupi awezao kuuchukua.

Amwombe karani, kabla ya sahihi, orodha ya malipo yote 240, yenye safu ya riba, safu ya deni lililolipwa, na safu ya deni lililobaki, aende nayo nyumbani akaisome na mkewe. Na siku malipo ya mwisho yatakapokwisha, asifurahi tu na kulala. Rehani haiondoki yenyewe katika daftari la ardhi. Benki hutoa hati ya kuifuta, na hati hiyo sharti ipelekwe katika ofisi ya ardhi ikaandikishwe. Isipofanywa hivyo, miaka mingi baadaye wanawe watakapotaka kugawa urithi watakuta nyumba ingali imeandikwa kuwa na deni.