Bembelezi ya Mto Tana iliyosimamisha taifa

Je, msomaji, ni lini mara ya mwisho ulipomwimbia mwanao hadi akapatwa na usingizi? Au kazi hiyo umeiachia televisheni? Kabla hujajibu, sikiliza visa viwili.

Mwaka 1824, mjini Vienna, Beethoven, ambaye tayari alikuwa kiziwi, alitoa Simfoni yake ya Tisa. Ni muziki wa okestra na kwaya unaochukua zaidi ya saa moja. Hata hivyo, kilichoenea duniani ni kipande kifupi cha mwisho, chepesi kiasi kwamba mtoto wa chekechea aweza kukiimba. Mwaka 1972 Baraza la Ulaya lilikifanya wimbo wake rasmi.

Sasa turudi nyumbani. Huko Garsen na katika vijiji vya kando ya Mto Tana, Wapokomo hulima mpunga, ndizi na maembe kwa kutegemea maji ya mto. Akina mama wa huko walikuwa na wimbo wa kumnyamazisha mtoto: ukizidi kulia, mnyama atakuja akule!

Mwaka 1963, uhuru ukikaribia, tume ya wanamuziki watano iliteuliwa kuitafutia Kenya wimbo wa taifa: Graham Hyslop, George Senoga-Zake, Thomas Kalume, Peter Kibukosya na Washington Omondi. Waliichagua sauti ya bembelezi hiyo, ambayo Mzee Meza Galana anakumbukwa kwa kuwaimbia, wakaitilia maneno mapya. Usiku wa kuamkia Desemba 12, ikapigwa bendera ikipanda.

Isikilize vyema siku nyingine. Haina kishindo cha vita. Ina simanzi na upole, kama mama anayetembeatembea na mtoto mgongoni.

Beethoven aliandika nota zake, na jina lake linajulikana kote. Mama wa kwanza wa Tana hakuandika chochote, wala hatumjui. Wimbo wake ulihifadhiwa na midomo ya waliomfuata. Je, wangaliacha kuuimba, tume ingalikuta nini?

Basi, mwanafunzi, likizo hii muulize nyanya yako nyimbo alizolazwa nazo, uziandike au uzirekodi. Nawe mzazi, zima televisheni dakika tano kabla ya watoto kulala, uimbe. Hata kama sauti yako inakwaruza, mtoto hatalalamika.