KIBARUA KIMEOTA NYASI? ANZA KUHESABU SIKU 30

Msomaji wangu, hivi unajua kwamba ukifukuzwa kazi kwa uonevu, bosi anaweza kuamriwa akurudishe kwenye kiti chako kile kile, tena akulipe mishahara ya miezi yote uliyokaa nyumbani ukipiga miayo? Wengi hawajui. Na wanaojua wanachelewa, ndipo mabosi wanapotucheka.

Chukua Mtendeli, wilayani Kakonko. Kambi ile ilipoanza kupokea wakimbizi wa Burundi mwezi Januari 2016, vijana wa Kibondo, Kasulu na Kakonko walipata ajira kwenye mashirika: madereva, walinzi, wauguzi, watunza stoo. Shemeji yangu alikuwemo, akiendesha lori la shirika moja ambalo jina nalihifadhi. Siku moja mwaka 2019 alibishana na mkubwa wake kuhusu mafuta, jioni akaambiwa aache funguo mezani. Hakuna barua, hakuna kikao, hakuna nafasi ya kujieleza. Mkubwa akamwambia kwa upole, "Katulie nyumbani kwanza, tutakuita."

Naye akatulia kweli!

Sasa sikia. Kwa kanuni za mwaka 2007, mtu aliyeachishwa kazi ana siku 30 tu za kupeleka mgogoro Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile tunayoiita CMA. Shemeji aliteremka Kigoma mjini siku ya 47. Akaomba aongezewe muda, akaulizwa sababu ya kuchelewa. Akajibu bosi alimwambia asubiri. Ombi likatupwa. Kesi ikafa kabla hata mtu hajauliza kama alionewa ama la. Dada yangu mpaka leo hataki kusikia habari za malori.

Kinachouma zaidi ni hesabu. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 iliweka njia tatu kwa aliyeachishwa isivyo halali: arudishwe kazini bila kupoteza mshahara, aajiriwe upya kwa masharti yatakayopangwa, au alipwe fidia. Bosi akiamriwa kumrudisha mtu na akasema simtaki, kwa sheria ile alipaswa kulipa mishahara ya miezi 12, juu ya mishahara yote tangu siku ya kumfukuza mpaka siku ya malipo ya mwisho. Tuseme mshahara ni shilingi 300,000 na mgogoro umekwenda miezi 20. Miezi 12 ni shilingi 3,600,000, ile 20 ni 6,000,000. Jumla 9,600,000! Huo si mshiko wa kuchezea pale Kakonko.

Mimi naona hapo tajiri alipewa mlango wa kutokea, maana kazi yenyewe anaweza kuinunua. Lakini kadiri anavyochelewa kulipa, ndivyo mita inavyozidi kuzunguka, na wengi wao hilo wanalijua kuliko sisi. Ndiyo maana ya ule upole wa "katulie nyumbani".

Usidhani lakini kila aliyefukuzwa anarudishwa. Kama kosa la mwajiri ni kuruka utaratibu tu, sababu anayo, mwamuzi hatakurudisha. Kama umeshakosana na bosi kiasi kwamba hamuwezi kukaa chumba kimoja, vilevile. Na kama hakuna tena mahali pa kurudi ndiyo basi. Mtendeli yenyewe ilifungwa mwishoni mwa 2021, wakimbizi wakahamishiwa Nduta. Kazi zikiisha namna hiyo inakuwa ni kupunguzwa. Hapo mnatakiwa kushauriwa kabla, na aliyefanya kazi mwaka mmoja au zaidi hupata kiinua mgongo cha mshahara wa siku saba kwa kila mwaka, mwisho miaka kumi. Mwenye chini ya miezi sita kazini hata kulalamika kwamba kaachishwa isivyo halali hawezi.

Mwaka 2025 sheria za kazi zilifanyiwa marekebisho, kwa hiyo viwango vya fidia kamuulize ofisa wa CMA mwenyewe, usimuulize jirani. Fomu ya kuanzia inaitwa CMA F.1. Mpe mwajiri nakala kwanza, asaini kwamba kaipokea, ndipo uipeleke Tume. Haina ada. Nauli tu ndiyo juu yako.