Kabla ya Kununua Mkanda wa Tatu, Tazama Puli ya Krenki



Mwanachama wetu mmoja, dereva wa teksi hapa Bujumbura, alikuja ofisini ameshika mikanda miwili iliyokatika, na mfukoni ana karatasi ya hesabu. Karatasi ile ilionyesha kwamba mwenye gari amemkata fedha mara mbili kwa ajili ya mikanda, na sasa anataka kumkata mara ya tatu kwa ajili ya altaneta, kwa sababu, eti, dereva halitunzi gari. Na mkanda mpya uliofungwa juzi yake ulikuwa umekwisha kuanza kulia. "Kaka," akaniambia, "mwezi huu nitapeleka nini nyumbani?"

Mimi si mhandisi. Nilimaliza shule ya msingi, nikajifunza kazi chini ya magari huko Buyenzi kabla chama hakijaniita katika kazi hii. Lakini mikanda ile miwili ilikuwa imelika upande mmoja tu, na jambo hilo fundi yeyote aliyelala chini ya Corolla za miaka ya 1990 analijua. Mkanda haukuwa na kosa, wala dereva. Kosa lilikuwa katika puli ya krenki. Nimeona yafaa nilieleze jambo hili hapa, kwa kuwa wengi wetu tunakatwa fedha kwa ajili ya kitu ambacho hakuna aliyekitazama.

Krenki ni ule mhimili wa chini wa injini unaogeuza mwendo wa pistoni wa kupanda na kushuka kuwa mwendo wa kuzunguka. Kwenye ncha yake ya mbele imefungwa puli, na puli hiyo ndiyo inayovuta mkanda. (Wenzetu wa Kigoma husema fenibelti, na sisi huku wengi tumezoea jina la Kifaransa. Mimi nitasema mkanda, tuelewane wote.) Kwenye Corolla hizi zenye injini ya 4A au 5A, mkanda mmoja unazungusha altaneta pamoja na pampu ya maji. Kwa hiyo puli ikiharibika hukosi umeme tu, unakosa na maji kuzunguka katika injini. Anayepandisha abiria kutoka mjini kwenda Bugarama, zaidi ya mita 1,000 juu ya ziwa, na usiku umeingia, anajua maana ya taa ya betri kuwaka huku mshale wa joto unapanda.

Watu wengi hudhani puli ni kipande kimoja cha chuma. Sivyo. Katika magari mengi ina sehemu tatu: kitovu cha chuma katikati, pete nzito ya chuma nje, na kati yake mpira mwembamba unaovishika viwili hivyo pamoja. Mpira huo haukuwekwa kwa urembo. Injini ya silinda 4 hupiga moto mara 2 katika kila mzunguko wa krenki. Ikizunguka mara 3,000 kwa dakika, hayo ni mapigo 100 kila sekunde. Kila pigo huisokota krenki kidogo, kisha krenki hujirudi kama springi. Mpira na ile pete nzito ndivyo vinavyomeza mtikisiko huo. Baada ya miaka 20 au 30 ya joto, vumbi na oili, mpira hukauka ukapasuka, au hulainika ukavimba, na pete ya nje huanza kwenda kwa mwendo wake yenyewe.

Hapo ndipo dalili zinapoanza, na dalili hizi ni waongo wakubwa. Mkanda unalia asubuhi, fundi anaukaza. Unalia tena, anaukaza zaidi, na beringi ya altaneta inakufa kwa kuvutwa mno. Kisha mkanda unakatika. Wakati mwingine injini inagonga ikiwa saileni, pigo zito la chini, na fundi mwenye haraka anasema hiyo ni koneksheni, tufungue injini. Nimeona injini ikishushwa nzima kwa ajili ya puli iliyolegea. Ndugu mafundi, kabla hamjashusha injini, toeni mkanda, washeni gari kwa nusu dakika tu, msikilize. Kelele ikiondoka au ikibadilika, basi mtafute huku mbele kwanza.

Sasa namna ya kutazama. Injini ya Corolla imelala kwa upana, kwa hiyo puli inaelekea gurudumu la mbele la kulia. Simamisha gari mahali pa tambarare, vuta breki ya mkono, weka mawe nyuma ya magurudumu, inua upande huo kwa jeki na uweke stendi ya chuma. Jeki peke yake si stendi. Ondoa gurudumu na kile kifuniko cha plastiki. Ikiwa una nguo yenye mikono mirefu, kunja. Dada zetu wanaofanya kazi hii wafunge kanga vizuri. Mtu mwingine awashe injini, nawe umulike kwa tochi ya simu ukiwa mbali na mkanda.

Tazama bolti ya katikati na pete ya nje kwa pamoja. Bolti ikitulia na pete ikayumba, ugonjwa ni mpira. Vyote vikiyumba pamoja, jambo ni zito zaidi: huenda bolti imelegea na kile kipande cha chuma kinachozuia puli isizunguke peke yake, ambacho mafundi tunaita kii, kimekula mfereji wake katika ncha ya krenki. Hapo puli mpya peke yake haitaponya.

Zima injini, acha ipoe, kisha papasa. Nyufa katika mpira, unga mweusi kuzunguka puli, mpira uliotokeza nje kama ulimi, au pete iliyosogea nyuma hata ikakwaruza kifuniko cha plastiki kilicho mbele ya mkanda wa taimingi: lolote kati ya haya latosha. Tazama na mifereji yenyewe. Mkanda wa V haupasi kugusa chini ya mfereji. Ukiona chini kunang'aa, puli imelika.

Lakini kipimo ninachokipenda kuliko vyote ni cha chaki, kwa sababu hakihitaji fedha wala maneno. Injini ikiwa imezimwa, futa puli kwa kitambaa, kisha chora mstari mmoja ulionyooka kutoka kwenye kitovu, upite juu ya mpira, hadi ukingo wa pete ya nje. Endesha gari dakika kumi, washa taa na feni ili altaneta ipate mzigo. Zima, tazama. Mstari ukiwa bado mmoja, mpira umeshika. Mstari ukiwa umevunjika, kipande kimoja huku na kingine kule, pete inateleza, na hakuna mkanda duniani utakaodumu hapo.

Jambo la pete kuteleza lina hasara nyingine ambayo wengi hawaifahamu. Alama ya taimingi, kile kijifereji tunachokimulika kwa taa ya taimingi, imechongwa kwenye pete ya nje. Pete ikisogea, alama inasema uongo. Puli yenye kipenyo cha sentimita 14 ina mzunguko wa kama sentimita 44. Basi kusogea sentimita moja tu ni kama digrii 8. Fundi anarekebisha moto kwa uaminifu kabisa, na gari linakosa nguvu, linakula mafuta na kuchemka, halafu yeye ndiye anayelaumiwa. Ukiwa na shaka, toa plagi zote, tia mrija wa plastiki kwenye tundu la silinda ya kwanza, zungusha krenki kwa spana polepole kuelekea kulia mpaka mrija ufike juu kabisa. Alama ya puli yapasa kuwa kwenye 0. Isipokuwa hapo, umeipata sababu.

Tuje kwenye kubadilisha. Ondoa waya wa hasi wa betri. Legeza bolti za altaneta, toa mikanda. Kazi ngumu ni bolti ya krenki. Tumia boksi spana ya pembe 6 inayokaa kabisa, si ya pembe 12 iliyochoka. Gari la gia za mkono, weka gia ya 5 na mwenzako akanyage breki kwa nguvu. Vinginevyo tengeneza kipande cha chuma bapa chenye matundu mawili, ukifunge kwenye matundu ya puli kwa bolti, kikae kama mkono wa kuizuia. Bolti hufunguka kwa kugeuza kushoto kama kawaida.

Kuna mtindo wa kuegemeza spana kwenye fremu na kupiga stata ili injini yenyewe ifungue bolti. Naujua, nimeufanya nikiwa kijana, na nausihi uachwe. Spana ikichomoka hapo haichagui mtu, na katika gereji nyingi tunazozitembelea hakuna hata sanduku la dawa. Mwenye gereji akikuharakisha utumie stata kwa sababu mteja anangoja, mwambie mteja angoje.

Puli ikikataa kutoka, tumia pula inayoshika kwenye matundu ya kitovu. Usivute pete ya nje, na usipige nyundo. Ukipiga puli unaipiga krenki na beringi zinazoizuia isiende mbele na nyuma. Ikishatoka, safisha ncha ya krenki, tazama kii na mfereji wake, tazama na oili. Oili ndiyo iliyouua mpira mara nyingi. Sili ya mbele ikivuja, ibadilishe sasa hivi, ingawa kwenye injini hizi iko nyuma ya gia ya mkanda wa taimingi na kazi itaongezeka. Puli mpya juu ya sili inayovuja ni fedha iliyotupwa.

Kuhusu spea: wengi wetu tunanunua iliyotumika, kwa kuwa mpya ni ghali. Sikatai, lakini kumbuka puli iliyotumika ina mpira wenye umri kama wa ile unayoitoa. Ibonyeze mpira kwa ukucha, tazama kama pete na kitovu viko sawasawa, ilaze juu ya kioo cha dirisha uone kama inakaa. Ilinganishe na ya zamani: kina, idadi ya mifereji, mahali pa alama.

Wakati wa kurudisha, safisha nyuzi za bolti na ukaze kwa kipimo. Kwa 4A-FE na 5A-FE kipimo ni Nm 118, yaani kama kilo 12 zikining'inia kwenye spana ya urefu wa mita moja, au kilo 24 kwenye nusu mita. Asiye na spana ya kipimo aweza kujifunza uzito huo kwa mzani wa sokoni, ni afadhali kuliko kukisia. Mkanda ukaze kiasi cha kubonyea kama sentimita moja unapousukuma kwa kidole gumba katikati ya sehemu ndefu. Kisha rekebisha moto upya kwa alama hii iliyo ya kweli: digrii 10 kabla ya juu, injini ikiwa ya moto na saileni, na vituo vya TE1 na E1 vimeunganishwa kwa waya.

Kuna shauri moja ambalo mafundi vijana wanaletewa kila siku: "Ichomelee tu." Mwenye gari yule naye alilisema. Joto la kuchomelea huunguza mpira uliobaki, puli hupinda, na mtikisiko wote unarudi ndani ya krenki, ambayo hatimaye hupasuka. Siku hiyo hakuna atakayekumbuka nani aliagiza. Atakumbukwa aliyeshika mashine ya kuchomelea. Fundi akilazimishwa, aandike kwenye karatasi ya kazi kwamba alikataa na kwa nini, na atujulishe.

Kwa dereva wetu tulifanya kipimo cha chaki mbele ya mwenye gari mwenyewe. Sikusema neno. Alichora mstari kwa mkono wake, akazunguka mtaa mara tatu, akainama kutazama. Mstari ulikuwa umeachana kwa upana wa vidole viwili. Akanyamaza kidogo, kisha akauliza puli ni bei gani. Dereva akajibu, "Mzee, fundi anayo bei, twende tukamuulize wote."

Puli imenunuliwa na mwenye gari, imefungwa, na kato la tatu limefutwa. Yale makato mawili ya mikanda bado tunayadai. Mwenye gari anasema hayo yamekwisha pita. Sisi tunasema kitu kilichozeeka ndani ya gari ni cha mwenye gari, toka siku ya kwanza na si toka siku alipokiona. Kikao kingine kimepangwa. Dereva atakwenda na mikanda yake miwili na puli ya zamani, ambayo kwa sasa imo chini ya meza yangu, na mwanachama yeyote anayetaka kuushika mpira uliokufa ajue unavyokuwa, aje aushike kabla ya siku hiyo.